Stadi za kuishi na watu zinafundishika: tunachokifanya kwenye kikundi chetu cha tiba hapa Mtwara

Binti Shangani (mleta uzi)

Shikamooni wakubwa zangu, na wadogo hamjambo.

Nimeandika uzi huu kwa sababu nimeulizwa na wengi, wakiwamo ndugu wa wagonjwa na hata watumishi wenzangu, kile kikundi kinachokutana kila Jumatano asubuhi kwenye kituo chetu kinafanya nini hasa. Anayepita dirishani huwaona watu wazima wamekaa duara, mmoja anabisha hodi kwenye mlango ambao haupo, mwingine anamjibu "karibu", kisha wote wanapiga makofi. Wapo waliodhani ni mazoezi ya maigizo ya sherehe fulani, na wapo walioumia wakidhani tunawachezea wagonjwa. Ni tiba, na ningependa ieleweke.

Mimi ni afisa ustawi wa jamii, na kikundi ninakiongoza pamoja na muuguzi wa afya ya akili. Washiriki ni wanane, wanaume watano na wanawake watatu. Wanatoka Chikongola, Magomeni na Mikindani, na mmoja huvuka maji kutoka Msangamkuu. Wote wamepata kuugua maradhi makubwa ya akili, wengi wao skizofrenia, ugonjwa unaoweza kumfanya mtu asikie sauti zisizokuwapo, na wote wanatumia dawa. Sauti walizokuwa wakizisikia zimenyamaza au zimepungua na usingizi umerudi, lakini ukiwauliza siku yao imepitaje, wengi watakujibu kwamba walikaa uani. Barazani hawaendi, msibani hawaendi, na dukani hutumwa mtoto.

Skizofrenia kwa kawaida huanza mwishoni mwa ujana au katika miaka ya ishirini na kitu, yaani umri uleule ambao mtu hujifunza kuzungumza na mwajiri, kuposa, kudai chake, na kubishana na rafiki bila kuuvunja urafiki. Aliyeugua akiwa na miaka 19 akaja kutulia akiwa na 27 ameikosa miaka minane ya shule hiyo. Wengine stadi hizo walikuwa nazo, zikafifia kwa kukaa bila kutumika. Juu ya hayo, ugonjwa wenyewe huacha uso usioonyesha furaha wala huzuni, sauti isiyopanda wala kushuka, na fikra zinazokwenda taratibu, mambo ambayo jirani asiyejua huyahesabu kuwa ni kiburi.

Wazo la kuwatibu watu kwa pamoja lina zaidi ya miaka mia moja. Mwaka 1905, mjini Boston, daktari Joseph Pratt alianza kuwakusanya wagonjwa maskini wa kifua kikuu ili awafundishe kujitunza, akagundua kwamba kule kukutana tu wao kwa wao kulikuwa kunawatia nguvu. Kuhusu stadi zenyewe, Michael Argyle wa Oxford, akiandika na Adam Kendon mwaka 1967, alieleza kwamba mazungumzo ya ana kwa ana ni ustadi kama ule wa mikono: mtu ana anachokitaka, anatenda, anatazama matokeo, kisha anajirekebisha. Marekani, Robert Liberman na baadaye Alan Bellack na Kim Mueser waliipanga kazi hiyo kwa hatua kwa ajili ya watu wenye skizofrenia, na nyuma yao wote kuna fikra ya Albert Bandura kwamba binadamu hujifunza mambo mengi kwa kumtazama mwenzake akiyatenda.

Nikiwaeleza watu wa huku, hutumia mfano wa kubangua korosho. Mama aliyeizoea kazi hiyo hugonga mara moja tu na punje ikatoka nzima. Ukimwomba akufundishe hatakuhutubia. Atakaa, utamtazama, kisha atakupa wewe ugonge. Za kwanza utazivunja na mafuta ya ganda yatakuunguza vidole, naye atakuwa kando akikuonyesha pale ulipokosea. Kikundi chetu kinafundisha salamu, maombi na malalamiko kwa njia hiyo hiyo.

Stadi za msingi ni nne: kumsikiliza mtu, kuomba jambo, kueleza lililokufurahisha na kueleza lililokuudhi. Kila moja tunaivunja katika hatua tatu au nne zinazoandikwa ubaoni. Kwanza tunaulizana ina faida gani. Kisha mmoja wetu viongozi anaiigiza mbele ya wote, nao wanaitazama. Kisha kila mshiriki anaiigiza kwa zamu, akitumia jambo la maisha yake mwenyewe. Baada ya igizo, ni lazima kitajwe kwanza kilichokuwa kizuri, tena kwa jambo lililoonekana. Hatukubali "umefanya vizuri". Tunataka "umemtaja kwa jina lake" au "umemngoja amalize". Ndipo linatolewa pendekezo moja, au mawili yakizidi sana, na mtu anarudia igizo. Anaporudi nyumbani anakwenda na zoezi la kulifanya kabla ya Jumatano inayofuata.

Nieleze siku moja. Mshiriki mmoja, nitamwita Mkulima, alikuwa amepeleka korosho zake kwenye chama cha msingi. Mnada ulikuwa umeshapita na wenzake kijijini walikuwa wamelipwa, lakini kwenye akaunti yake hakuna kilichoingia. Nyumbani waliambizana kwamba mdogo wake ndiye atakayefuatilia. Yeye alitaka aende mwenyewe. Stakabadhi alikuwa nayo mfukoni mwa shati, imekunjwa mara nne na kutiwa ndani ya kimfuko cha nailoni, na aliitoa kwa uangalifu kama mtu anayetoa picha ya mzazi aliyefariki.

Muuguzi akawa katibu wa chama, meza yetu ikawa meza ya chama. Mara ya kwanza Mkulima alisimama akitazama sakafu, akasema, "Hela yangu," kisha akanyamaza. Nilipowauliza wenzake walichokiona kizuri, binti mmoja ambaye kwa kawaida haongei alisema, "Ameingia, hakuishia mlangoni." Lilikuwa jambo la kweli, na Mkulima aliinua uso aliposikia. Tukapanga hatua ubaoni: salamu, kujitambulisha kwa jina na kijiji, kuonyesha stakabadhi, kuuliza swali moja tu. Nikaigiza mimi, akarudia yeye, na mara hiyo akafika mpaka kwenye swali. Mara ya tatu nilimnong'oneza muuguzi amjibu kama ambavyo watu hujibiwa siku za foleni: "Njoo wiki ijayo."

Mkulima akanyamaza. Sisi sote tukanyamaza naye, nami nilijizuia nisimsaidie. Kisha akasema, "Sawa. Ni siku gani nitakukuta wewe mwenyewe?"

Swali hilo halikuwa ubaoni, na hakuna aliyemfundisha. Zoezi lake la nyumbani likawa kwenda kwenye chama Ijumaa.

Ninakaribisha maswali, hasa ya wenye mgonjwa nyumbani.

Mzee wa Nanyamba

Marahaba, binti. Nimesoma hadi mwisho na nina neno, ambalo silisemi ili nikukatishe tamaa. Haya unayoyaeleza sisi watu wa kusini tulikuwa nayo kabla ya hospitali hazijafika. Mvulana alikwenda jando na msichana akatiwa unyago, wakafundishwa pamoja, kwa kundi, namna ya kumsalimu mkubwa, namna ya kuingia kwa watu, neno la kusema na la kutosema. Aliyekosea alionyeshwa mbele ya wenzake. Sasa mtu aliyepita huko, mwenye ndevu zake, anafundishwaje upya kubisha hodi na mtu mwenye umri wa mtoto wake? Hamwoni kwamba mnamvunjia heshima? Na hayo mnayoyafundisha yametoka vitabuni mwa Wazungu, ambao salamu yao ni ya neno moja na safari imeisha.

Binti Shangani (mleta uzi)

Shikamoo mzee wangu. Umegusa mahali penyewe, na sehemu ya hoja yako nimejifunza kwa kukosea.

Mwongozo tuliouanzia ulikuwa umetafsiriwa kutoka kwa Kiingereza, na hatua ya kwanza ya kumsikiliza mtu ilikuwa kumtazama machoni. Tuliiandika ubaoni kama ilivyo. Kijana mmoja wa Mikindani akapewa igizo na mama mtu mzima, mwanakikundi mwenzake, akashindwa. Tulimrudisha mara tatu tukimhimiza ainue macho, na kila mara shingo yake ilizidi kuinama. Nilidhani ni ugonjwa. Yule mama ndiye aliyetukatisha, akasema, "Mwacheni, mtoto ananiheshimu." Nilisikia aibu kubwa, maana mimi ni mzaliwa wa hapa hapa na bibi yangu angenipiga kibao kama ningemkazia macho. Tulifuta hatua ile, na tangu siku hiyo hatuandiki hatua yoyote kabla ya kuwauliza wanakikundi jambo hilo hufanywaje kwao. Sasa hatua ya kwanza inasema, "Mwelekee anayezungumza." Namna ya kusalimu, namna ya kukaa, nani huanza kuongea msibani, hayo yote wanatufundisha wao, na ni wao wanaosahihishana.

Kuhusu jando na unyago, sina ubishi kwamba ni mafunzo ya kundi, na sidhani tunayachukulia nafasi. Lakini jando humkuta mtoto akiwa mzima, mara moja, na aghalabu mafunzo yake hupita katika nyimbo na mafumbo ambayo mwali huachiwa ayafumbue mwenyewe. Mtu ambaye akili yake imechoshwa na maradhi fumbo humpotea. Yeye anahitaji neno lililonyooka, hatua chache, na kurudia jambo lile lile wiki nne bila mtu kumchoka. Na kosa hatulionyeshi mbele ya watu kama lilivyoonyeshwa huko, kwa sababu hawa wamekwisha kuonyeshwa makosa yao miaka mingi, njiani na nyumbani.

Heshima ya mtu mwenye ndevu zake nimeifikiria sana. Hatumfundishi hodi kana kwamba haijui. Tunamuuliza, "Ni mlango gani unaokushinda?" Aliyebisha hodi kwenye mlango usiokuwapo, anaujua mlango wenyewe ni wa nani, na hajausogelea kwa miaka miwili.

Nesi Masasi

Dada, hongera kwa kazi hiyo. Mimi ni muuguzi upande wa Masasi na ninafikiria kuanzisha kikundi kama hicho, ila kuna mambo mawili yananisumbua. La kwanza ni la utendaji: watu wangapi, muda gani, na mnafanyaje mshiriki akianza kuzungumza na sauti katikati ya igizo? La pili ni la ushahidi. Nimesoma kwamba miongozo ya Uingereza haipendekezi mafunzo haya yatolewe kama jambo la kawaida kwa watu wenye skizofrenia. Kama ndivyo, nitamwelezaje mganga mfawidhi wangu kwamba chumba na muda wangu visitumike kwa kitu kingine?

Binti Shangani (mleta uzi)

Nianze na lile la pili, maana ndilo litakalokunyima usingizi.

Ni kweli. NICE, taasisi inayotoa miongozo ya tiba Uingereza, ilisema hivyo mwaka 2009 na ikarudia mwaka 2014. Kwa upande mwingine, Matthew Kurtz na Kim Mueser mwaka 2008 waliyakusanya matokeo ya tafiti 22 zenye watu 1,521, wakaona kwamba mafunzo haya yana matokeo makubwa katika kile kinachofundishwa darasani, matokeo ya wastani katika stadi zinazopimwa kwa igizo na katika maisha ya kila siku, na matokeo madogo katika kuzuia ugonjwa usirudi. Ukiziweka hoja hizo pamoja utaona wapi watu huachana. Anayeuliza kama mafunzo yanaondoa sauti au yanazuia kulazwa tena, atapata jibu hafifu. Anayeuliza kama mtu ataweza kufuata fedha zake kwenye chama atapata jibu jingine, na mimi ninauliza swali hilo la pili. Kwa hiyo mganga mfawidhi wako usimwahidi kwamba vitanda vitapungua. Mwambie watu watatoka uani, kisha upime jambo hilo hilo: kabla ya kuanza, andika kila mshiriki alitoka nyumbani mara ngapi kwa wiki na alizungumza na nani asiyekuwa wa kwao, na baada ya miezi sita andika tena.

Udhaifu mkubwa, nao unakubaliwa na walioibuni tiba yenyewe, ni kwamba stadi hubaki chumbani. Mtu anaigiza vizuri sana Jumatano, Alhamisi amerudi uani. Shirley Glynn na wenzake, akiwamo Liberman, mwaka 2002 walichapisha matokeo ya kuyaongezea mafunzo ya kliniki msaada wa mtu anayekutana na mgonjwa huko anakoishi na kumsaidia aitumie stadi mahali penyewe. Waliopata nyongeza hiyo walionyesha mabadiliko ya haraka zaidi katika kuishi na watu. Sisi hatuna mtumishi wa kumfuata kila mtu, kwa hiyo kila mshiriki anachagua ndugu au jirani mmoja, ambaye tunamwita msindikizaji. Anajua zoezi la wiki ni lipi. Akienda na mhusika husimama kando, hasemi kwa niaba yake. Bila msindikizaji, nakushauri usianze.

Utendaji: kati ya watu wanne na kumi, na viongozi wawili, kwa sababu mmoja akiwa kwenye igizo mwingine anawatazama waliokaa. Sisi tunatumia saa moja na nusu, tukipumzika katikati kwa chai. Mtu akianza kuzungumza na sauti, kiongozi wa pili humsogelea, humwita kwa jina na kumpa kazi ndogo ya kushika, kama kusoma hatua ubaoni. Ikizidi hutoka naye nje kidogo. Hatumfukuzi, na dawa zake zinaangaliwa siku hiyo hiyo.

Mkimya wa Mitwero

Niko Lindi. Mimi ni mgonjwa, nimeugua tangu mwaka 2011, na katika mazungumzo ya namna hii huwa tunazungumziwa tu, kwa hiyo naomba niseme.

Shida yangu haikuwa kukosa la kusema. Ilikuwa mwendo. Nikikaa na wenzangu kijiweni wanazungumza habari za Yanga, nami ninalo la kusema, ninalipanga kichwani, ninalikagua kama halina kosa, na ninapokuwa tayari wameshahamia kwenye bei ya pweza. Nikilitoa wakati huo watu wanatazamana. Nikilimeza, wanasema nimenuna. Baada ya miezi kadhaa ya kutazamwa hivyo niliacha kwenda.

La pili ni swali la "umepona?" Linaulizwa kwa wema, sokoni, mbele ya watu. Nikisema ndiyo, ninadanganya kwa sababu bado ninameza dawa kila usiku. Nikisema hapana, muuzaji anarudi nyuma hatua moja. Nimewahi kuviacha vitunguu vyangu juu ya meza nikaondoka. Je, kwenye kikundi chenu mambo kama hayo yanafundishwa, au ni salamu na maombi tu?

Mlezi Nachingwea

Kaka Mkimya, ahsante sana. Nimesoma ulichoandika mara mbili nikamwaza kijana wangu wa miaka 24.

Mgeni akija kwetu humsalimu, "Hujambo baba?" Kabla hajafungua kinywa, mimi hujibu, "Hajambo." Nimefanya hivyo miaka mitano nikiamini ninamsitiri, asionekane anachelewa kujibu. Na akikosea nyumbani ninasema naye kwa ukali kwa sababu nimechoka, hilo nalikiri. Dada mleta uzi, hata mzazi anaweza kufundishwa, au kikundi ni cha wagonjwa peke yao?

Binti Shangani (mleta uzi)

Kaka Mkimya, umenieleza kitu ambacho kwenye mwongozo kimeandikwa kwa maneno makavu. Ndiyo, yanafundishwa, na hayo ndiyo yanayochukua muda mwingi. Kwa suala la mwendo tunafanya mazoezi ya sentensi fupi ya kushika nafasi wakati fikra bado zinakuja: "Ngoja kidogo, hapo kwenye Yanga nilikuwa na neno." Ukishaisema, watu hukungoja. Zoezi jingine ni kuingia kwa kuuliza badala ya kueleza, kwa kuwa swali ni jepesi kulipanga na humrudishia mwingine kazi ya kuongea. Tuna igizo ambalo watu watatu wanazungumza kwa kasi ya kawaida ya kijiweni na wa nne anatafuta pa kuingilia. Tulilianza kwa mwendo wa polepole kabisa, tukawa tunauongeza kila wiki.

Kwa "umepona?" kila mtu anatunga jibu lake mwenyewe na kulizoea mpaka linatoka bila kufikiri. Mama mmoja jibu lake ni, "Naendelea vizuri, sijui wewe na watoto?" Hajadanganya, hajafungua siri yake, na mazungumzo yamehama. Nani aambiwe zaidi ya hapo ni uamuzi wa mwenye ugonjwa. Tunalizungumza hilo kwa kirefu, kwa sababu wapo waliomwambia mwajiri wakapata msaada na wapo waliomwambia wakafukuzwa. Na vile vitunguu, kaka, vingetupa igizo la Jumatano nzima.

Mama wa Nachingwea, usijilaumu, lakini hiyo "hajambo" iache leo. Akichelewa kujibu, mngoje na mgeni amngoje. Kuhusu ukali, George Brown na wenzake huko London, katika utafiti walioanza miaka ya 1950, waligundua kwamba waliotoka hospitali wakarudi kwenye nyumba zenye lawama nyingi, uhasama, au kuingiliwa kupita kiasi, waliugua tena mara nyingi zaidi kuliko waliorudi kwenye nyumba tulivu. Kwa sababu hiyo tunakutana na ndugu mara moja kwa mwezi, na wao wanaigiza vilevile. Wanajifunza kusema lililowaudhi kwa hatua: taja alichofanya, sema kimekufanya ujisikieje, sema unaomba afanye nini mara nyingine. Badala ya "wewe mvivu, unalala mpaka jua linachomoza", anasema, "Leo hukuteka maji, nimebeba peke yangu na mgongo unaniuma, kesho naomba unisaidie ndoo mbili." Baba mmoja aliifanya sentensi hiyo igizoni mara nne, na mara ya nne alilia.

Kijana wa Tandahimba

Samahani, swali fupi. Kaka yangu hupewa gongo na rafiki zake, na msimu wa mabibo ukifika ni uraka, pombe ya mabibo hayo, kila jioni. Hajui kukataa. Hilo nalo linafundishika?

Binti Shangani (mleta uzi)

Linafundishika, na kwa watu wanaotumia dawa hizi ni la lazima. Mwache asitoe sababu nyingi, maana kila sababu huzaa ubishi. Akatae kwa sauti ya kawaida, apendekeze kingine, na akisukumwa arudie neno lile lile kisha aondoke: "Leo sinywi. Nikaribishe ming'oko ya kula." Mazoezi afanye na wewe, wewe ukiwa rafiki anayeng'ang'ania, na usimwonee huruma katika kung'ang'ania kwako.

Mzee wa Nanyamba

Binti, nimerudi. Kwanza, yule Mkulima alipata fedha zake?

Pili, niseme kilichonifanya niandike vile mwanzo. Ninaye mpwa wangu, mtoto wa dada yangu mkubwa, na kwa desturi yetu mimi mjomba ndiye mwenye mtoto. Ana miaka 31. Alipita jandoni nikiwa hapo. Alikuwa mwimbaji, watu walimfuata. Sasa ni mwaka wa saba hatoki nje ila usiku. Nilipokusoma unasema watu wanafundishwa kubisha hodi nilichukia, kwa sababu nilimwona yeye. Kama mnapokea watu wa mbali, ningependa kumleta, lakini najua hatasema neno. Akikaa kimya mtamfanyaje?

Binti Shangani (mleta uzi)

Shikamoo tena, mzee wangu. Ahsante kwa kurudi.

Mkulima alikwenda Ijumaa na mdogo wake akiwa amesimama nje chini ya mti. Kumbe namba ya akaunti ilikosewa tarakimu moja. Katibu alimwambia arudi Jumanne na kadi ya benki, akarudi, na fedha ziliingia baada ya siku chache. Alitusimulia yeye mwenyewe, amesimama, na alituonyesha kwa mkono jinsi alivyoiweka stakabadhi juu ya meza.

Mpwa wako tutampokea, ila aanze kwa kuonana na daktari, kwa sababu mtu ambaye hatoki kwa miaka saba ni lazima dawa zake zitazamwe kabla ya jambo lolote. Kama hajawahi kuanza dawa, tutaanzia hapo, na kikundi kitamsubiri. Nanyamba si mbali, lakini kwa mtu aliyezoea kutoka usiku safari ya basi lililojaa ni mtihani, kwa hiyo njooni na gari la alfajiri, ambalo abiria bado ni wachache, na mkae kiti cha mbele. Mwambie ukweli wa mnakokwenda.

Akikaa kimya ataachwa akae. Tunampa kiti karibu na mlango na tunamwambia siku ya kwanza kwamba anaruhusiwa kutazama tu. Yule binti niliyemtaja, aliyesema "ameingia, hakuishia mlangoni", alikuwa amekaa wiki sita akitazama, na hayo yalikuwa maneno yake ya kwanza kwenye kikundi. Wewe utakaa nje na wasindikizaji wengine. Kuna benchi na kivuli. Usimuulize njiani kama ameongea. Muulize alichokiona.

Tunaanza saa tatu. Mkiwahi saa mbili na nusu, nitakuwa ninapanga viti, na kama atapenda atanisaidia kuvipanga.